Kutoka Mbele ya Kamera Hadi Kiti cha Mwongozaji: Njia Aliyopita Ida Lupino

Mwaka 1949, siku chache tu baada ya upigaji wa filamu ya Not Wanted kuanza, mwongozaji wake Elmer Clifton alishikwa na maradhi ya moyo. Bajeti ilikuwa ndogo, na kusimama kungemaliza fedha zote. Aliyeshika usukani alikuwa mwanamke wa miaka 31, mmoja wa watayarishaji na mwandishi mwenza wa skripti: Ida Lupino. Mashabiki wa sinema walimjua kama mwigizaji, basi. Aliimaliza filamu, akaacha jina la Clifton libaki kama mwongozaji, na miezi michache baadaye akaanza nyingine, safari hii kwa jina lake mwenyewe.

Kisa hiki husimuliwa kama bahati, lakini mimi siamini hivyo. Ugonjwa wa Clifton ulifungua mlango, ila kwenye seti ile walikuwepo watu wengine ambao wasingeweza kuupita. Lupino aliweza kwa sababu hadithi ilikuwa yake, kampuni ilikuwa yake kwa sehemu, na kwa miaka kadhaa alikuwa amejifunza kazi za watu ambao waigizaji wengi huwapita na salamu tu. Mambo hayo matatu mwigizaji yeyote wa Dar es Salaam, Nairobi au Bujumbura anaweza kuanza kuyajenga kabla mtu hajamwita mwongozaji. Nayaeleza hapa kwa kadiri yanavyofaa katika kazi, na kwa Lupino nitarudi mara kwa mara, kwa sababu aliyofanya yamehifadhiwa vizuri na kwa sababu hata alipokwama tunajifunza.

Kwanza tumjue. Alizaliwa London mwaka 1918 katika familia ya jukwaani: baba yake Stanley Lupino alikuwa mchekeshaji maarufu, mama yake Connie Emerald mwigizaji. Alifika Hollywood mwaka 1933 akiwa binti wa miaka 15. Mwaka uliofuata aliugua polio, akapona, akaendelea na kazi. Mwaka 1941 aliigiza High Sierra pamoja na Humphrey Bogart na jina lake ndilo lililotangulia. Kwa The Hard Way alipewa tuzo ya wahakiki wa filamu wa New York. Kwa hiyo hakukimbilia uongozaji kwa kushindwa kuigiza.

Saa za kungoja

Studio ya Warner Bros., ambako Lupino alikuwa na mkataba, iliwafunga waigizaji wake kwa mikataba migumu. Ukikataa nafasi uliyopangiwa, unasimamishwa bila mshahara, na siku zile za kusimamishwa zinaongezwa mwishoni mwa mkataba. Mtindo huo wa kuongeza siku ulikoma katikati ya miaka ya 1940, baada ya Olivia de Havilland kuishtaki studio hiyohiyo mahakamani California na kushinda. Lupino alikataa nafasi nyingi, na alisimamishwa mara nyingi. Muda ule aliutumia kwenda kwenye seti kutazama waongozaji wakifanya kazi, na kukaa na wahariri kuona vipande vinavyounganishwa.

Hapa ndipo ningependa msomaji wangu atulie. Mwigizaji akiitwa saa kumi na mbili asubuhi, atapambwa, atangoja, ataigiza kwa muda usiofika saa moja, kisha atangoja tena hadi jua lishuke. Saa za kungoja ni nyingi kuliko saa za kazi, na karibu wote tunazimalizia kwenye simu. Ukitaka kuwa mwongozaji, saa hizo ndizo shule yako, na ni shule ambayo unalipwa kuhudhuria.

Fanya hivi. Kila siku ya kazi chagua mtu mmoja wa kumfuata, na umwombe ruhusa kabla kazi haijapamba moto. Leo mpiga picha: muulize kwa nini amebadilisha lenzi, na kwa nini taa ile imewekwa nyuma ya mtu badala ya mbele. Kesho fundi wa sauti: muombe uvae vifaa vyake vya masikioni dakika tano tu, usikie jinsi jenereta ya jirani na feni ya dari zinavyoingia kwenye maneno yako matamu. Siku nyingine mkae na anayetunza mwendelezo, yule anayekumbuka kikombe kilikuwa mkono gani na kanga ilifungwa vipi kabla ya chakula cha mchana. Huyo ndiye mwalimu bora kuliko wote kwa anayeanza, kwa sababu anaiona filamu nzima kichwani wakati wengine wanaona sini ya leo.

Weka daftari. Andika shoti zilipigwa kwa mpangilio gani, maana mpangilio wa upigaji haufanani hata kidogo na mpangilio wa hadithi, na kuelewa sababu yake ni nusu ya kazi ya kupanga ratiba. Andika kila shoti imechukua muda gani tangu kamera ilipowekwa hadi ilipohamishwa. Andika pia kwa nini teki imerudiwa. Baada ya kazi mbili tatu utashangaa kuona jinsi teki chache zinavyorudiwa kwa sababu ya mwigizaji, na jinsi nyingi zinavyorudiwa kwa sababu ya pikipiki, kivuli cha maiki au mtu aliyepita dirishani.

Kisha, upigaji ukiisha, omba kukaa na mhariri siku anapokata sini yako. Wengi hawaombi kwa kuona aibu. Ukifika pale utaona machozi yako mazuri kabisa yametupwa kwa sababu katika shoti ile ulitazama kushoto na mwenzako naye alitazama kushoto, hivyo hamwonekani kama mnatazamana. Hakuna kitabu kitakachokufundisha jambo hilo kwa uchungu wa namna hiyo. Kaa kimya, tazama, uliza mhariri anapopumzika. Ukitoka pale ukijua kwamba kila sini inahitaji mahali pa kuingilia na mahali pa kutokea, umeanza kufikiri kama mwongozaji.

Anza na karatasi

Waigizaji wengi wanaotaka kuongoza hutafuta kwanza kamera. Nashauri kinyume chake: tafuta kwanza hadithi na uiandike. Aliyeandika ana sababu ya kuwepo chumbani. Skripti ikiwa yako, atakayekuja na fedha hana budi kuzungumza nawe, hata kama ana mwongozaji wake mfukoni. Lupino aliingia hivyo. Greta Gerwig wa Marekani naye alipita njia hiyo kwa hatua zinazoonekana wazi: mwaka 2007 aliigiza Hannah Takes the Stairs na kushiriki kuiandika, mwaka 2008 aliongoza Nights and Weekends pamoja na mwenzake, Frances Ha ya mwaka 2012 aliiandika pamoja na Noah Baumbach huku akiwa mhusika mkuu, na mwaka 2017 ndipo alipoongoza peke yake Lady Bird, aliyoiandika mwenyewe. Miaka 10. Katika miaka hiyo yote kalamu ilikuwa mkononi.

Mwigizaji akiandika ana faida moja kubwa: sikio. Anajua sentensi isiyosemeka. Ila ana kasoro inayotokana na faida hiyohiyo. Anapenda mno maneno. Kila mhusika anapewa hotuba, kila ugomvi unaelezwa hadi mwisho, na msichana anayeachwa anasema kwa ufasaha kabisa kwa nini ameumia. Dawa yake ni zoezi ambalo ningemlazimisha kila anayeanza: andika sini moja ya kurasa mbili ambamo mama na binti wamegombana na hakuna anayesema neno. Wape kazi ya mikono. Wachambue mchele, wakunje nguo za msiba. Ukifaulu hiyo, rudi kwenye skripti yako na ufute nusu ya mazungumzo.

Baada ya hapo waite wenzako wa kikundi waisome kwa sauti, wewe usisome nafasi yoyote. Sikiliza tu. Anapojikwaa msomaji mmoja, huenda ni yeye. Wakijikwaa wawili mahali pamoja, kosa ni la mwandishi. Angalia pia Kiswahili cha kila mhusika. Bibi wa Lamu, dereva wa bodaboda wa Mbagala na mwanafunzi wa Eastlands hawawezi kuzungumza kwa lugha moja ya taarifa ya habari, na bado nasikia filamu ambamo wote wanazungumza hivyo. Kama huijui lahaja ya mahali, tafuta mwenyeji akusahihishie na umtaje kwenye orodha ya majina.

Jambo jingine, na hapa najua wengi hawatanipenda: filamu yako ya kwanza usijiandikie nafasi kubwa. Lupino, nyota aliyekuwa na jina kubwa kuliko karibu kila mtu aliyemwajiri, hakujipa nafasi kuu katika filamu zake tano za mwanzo. Alisubiri mpaka The Bigamist ya mwaka 1953 ndipo akajiongoza mwenyewe. Anayeongoza kwa mara ya kwanza anahitaji macho yake yote nyuma ya kamera. Ukiwa mbele, ni nani atakayekuambia sini haijakaa?

Kama huna hadithi yako, soma. Sarah Polley wa Kanada, aliyeanza kuigiza akiwa mtoto, alifanya filamu fupi kwanza, kisha filamu yake ndefu ya kwanza, Away from Her ya mwaka 2006, akaitoa kwenye hadithi fupi ya Alice Munro. Miaka mingi baadaye alipata Oscar kwa skripti ya Women Talking, iliyotokana na riwaya ya Miriam Toews. Kwetu mfano upo: riwaya ya Vuta N'kuvute ya Adam Shafi iligeuzwa na mwongozaji Amil Shivji kuwa filamu iliyoonyeshwa tamasha la Toronto mwaka 2021. Rafu za fasihi ya Kiswahili zimejaa hadithi zinazongoja. Lakini usiandike hata ukurasa mmoja kabla hujapata idhini ya maandishi kutoka kwa mwenye haki, iwe ni mwandishi, mchapishaji au warithi. Omba haki kwa muda maalumu, mwaka mmoja au miwili kwa malipo madogo, pamoja na bei mliyokubaliana endapo filamu itatengenezwa. Mapatano ya mdomo kwenye chai huleta kesi siku filamu inapopata wateja.

Usikimbilie hadithi ambayo kila mtu anaitengeneza. Lupino, na kampuni ya The Filmakers aliyoianzisha na mumewe wa wakati huo Collier Young na wenzao, walichukua mambo ambayo studio kubwa ziliyakwepa. Not Wanted ilihusu binti aliyezaa nje ya ndoa. Never Fear ilihusu mcheza dansi aliyepata polio, ugonjwa alioujua mwilini mwake, na sehemu yake ilipigwa katika kituo halisi cha tiba huko Santa Monica, pamoja na wagonjwa halisi. Outrage ya mwaka 1950 ilihusu binti aliyebakwa, wakati ambapo kanuni za udhibiti hazikuruhusu hata neno lenyewe kutamkwa. Hakuzikwepa ofisi za udhibiti. Alipeleka skripti mapema, akajadiliana, akabadilisha maneno bila kuacha kiini. Hiyo nayo ni mbinu: peleka karatasi mapema, kabla hujatumia fedha kwenye kamera, na ujue ni jambo gani huliachi hata kwa dawa.

Hadithi iingie kwenye mfuko

The Hitch-Hiker ya mwaka 1953 ndiyo filamu ninayomwambia kila anayeanza aitazame mara mbili, mara ya pili akiwa na kalamu. Inakwenda dakika 71. Marafiki wawili wanasafiri kwenda kuvua samaki, wanampa lifti mtu barabarani, kumbe ni muuaji. Basi. Wanaume watatu, gari moja, na jangwa ambalo kwa sehemu kubwa lilipigwa kwenye miamba ya Alabama Hills karibu na Lone Pine, California. Kwa kuwa kisa kilitokana na muuaji halisi, idadi ya mauaji katika hadithi ilipunguzwa ili kuwaridhisha wadhibiti. Mwaka 1998 filamu hiyo iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu zinazohifadhiwa Marekani.

Tazama jinsi umaskini wa bajeti ulivyogeuzwa kuwa hofu. Gari ni dogo, kwa hiyo watu hawana pa kukimbilia. Muuaji ana jicho moja lisilofumba, kwa hiyo hata akilala hawajui kama amelala. Hilo halikuhitaji fedha, lilihitaji kufikiri kwa mwandishi.

Kabla ya kupeleka skripti yako kwa mtu yeyote, ipitie na kalamu nyekundu na uhesabu: maeneo mangapi, sini ngapi za usiku, sini ngapi zenye watu zaidi ya wanne, sini ngapi za gari linalotembea, watoto, wanyama, mvua. Kila moja ya hizo ni fedha. Harusi ya watu mia mbili inaweza kuwa jikoni nyuma ya harusi, wanawake watano na masufuria, ngoma ikisikika kwa mbali. Mara nyingi sini hiyo ya jikoni itakuwa bora, kwa sababu wanawake wale watasema yale ambayo ukumbini hayasemwi.

Kuhusu eneo, chagua kwa masikio kabla ya macho. Nenda mahali hapo siku na saa ileile utakayopiga, ukae kimya robo saa. Utasikia adhana, kengele ya shule, mashine ya kusaga, kituo cha daladala. Adhana ina saa zake zinazojulikana, ipange kwenye ratiba na uipe heshima yake, ila mashine ya kusaga hupangi nayo, hama. Tazama jua pia. Sisi tunaoishi karibu na ikweta adhuhuri jua liko utosini na macho ya mwigizaji yanageuka mashimo meusi. Sini za nje zifanye kabla ya saa nne asubuhi na baada ya saa kumi jioni, na mchana kati yake ingieni ndani. Ukipanga filamu nzima hivyo, hutahitaji taa nyingi za kukodi.

Vibali usiviache mwisho. Kuna bodi ya filamu Tanzania na bodi ya uainishaji wa filamu Kenya, na kila moja ina fomu na ada zake. Lakini usisahau ofisi ya serikali ya mtaa, mjumbe, na mzee anayeheshimiwa pale. Karatasi ya bodi haitanyamazisha redio ya jirani. Mjumbe anaweza.

Na mpiga picha wako awe mzoefu kuliko wewe. Never Fear ilipigwa na Archie Stout, mtu aliyekuwa amefanya kazi kwa miaka mingi na aliyepiga picha za filamu za John Ford. Naona waongozaji wapya wakimwajiri rafiki asiyejua sana ili wasidharauliwe. Ni kosa kubwa. Afadhali mzee anayekusahihisha faraghani kuliko rafiki anayekubali kila kitu, halafu mhariri akakosa shoti za kuunganisha.

Siku ya kukaa kwenye kiti

Nguvu yako kubwa hapa ni kwamba umewahi kusimama mbele ya kamera ukiwa na hofu. Itumie. Usimwigizie mwigizaji sentensi yake, kwa sababu atakuiga, na nakala ya uigizaji wako haitafika popote. Usimwambie awe na huzuni zaidi. Mwambie anataka nini kwa mtu aliye mbele yake: anataka akae, anataka asijue, anataka aombe radhi bila yeye kuidai. Mpe jambo la kufanya, na huzuni itakuja yenyewe. Na maneno hayo mnong'oneze ukiwa karibu naye, usiyapaze kutoka nyuma ya kamera huku watu ishirini wakisikiliza.

Lupino alikuwa na njia yake ya kuongoza mafundi wanaume: aliwaomba badala ya kuwaamuru, na alipenda kuitwa mama na watu wa seti. Ilimfaa katika Hollywood ya miaka ya 1950, ambako chama cha waongozaji kilikuwa na Dorothy Arzner tu kabla yake upande wa wanawake. Siwezi kumlaumu, lakini sishauri dada wa leo aige hilo. Atakuwepo fundi atakayekuita mama kwa heshima na mwingine atakayekuita dada kwa dharau, na huwezi kuyadhibiti yote mawili. Unachoweza kudhibiti ni maandalizi. Fika ukiwa na orodha ya shoti za siku imeandikwa, nakala moja kwa mpiga picha na moja kwa msaidizi wako. Jua shoti tatu ambazo bila hizo sini haipo, na uzipige kwanza. Ukibishiwa, sema tujaribu njia yako baada ya hii, kisha endelea. Mtu akiona unajua saa tisa mtakuwa wapi, ubishi hupungua.

Linda pia saa za watu. Polley, ambaye utotoni alichoshwa na siku ndefu za seti, alipoongoza Women Talking alipanga siku fupi ili watu warudi nyumbani kwao. Kwetu kuna tabia ya kujivunia kupiga mpaka alfajiri. Mwigizaji aliyekesha hana uso, fundi aliyekesha huangusha taa, na msichana anayerudi nyumbani saa nane usiku peke yake yuko hatarini. Kama ni lazima kumaliza usiku, gari la kuwarudisha watu liwe kwenye bajeti tangu siku ya kwanza.

Filamu ikishakamilika

Hapa ndipo Lupino alipokwama. Filamu za katikati za The Filmakers zilisambazwa na RKO, studio ya Howard Hughes. Baadaye kampuni ikaamua kusambaza yenyewe, na The Bigamist ikatoka kwa njia hiyo. Kusambaza ni biashara ya aina nyingine kabisa, inayohitaji mtaji na mtandao wa majumba ya sinema. Kampuni haikudumu, na katikati ya miaka ya 1950 ilikuwa imekwisha. Filamu bora aliyoiongoza na kuigiza haikumwokoa.

Kwa hiyo, kabla ya shoti ya kwanza andika kwenye karatasi itaonyeshwa wapi, na uanze kuzungumza na watu hao. Kituo cha televisheni kinataka dakika kamili na kinaweza kukataa maneno fulani. Jukwaa la intaneti linataka sauti safi na tafsiri ya maandishi chini ya picha. Tamasha, kama lile la nchi za jahazi Zanzibar, lina tarehe ya mwisho ya kupokea filamu, na baadhi ya matamasha hayapokei filamu iliyokwisha kuwekwa hadharani. Ukiiweka mtandaoni leo kwa pupa, huenda umefunga mlango wa mwakani.

Mkataba usomwe na wakili. Enzi za kanda na diski, watayarishaji wengi wa Tanzania waliuza filamu kwa msambazaji kwa malipo ya mara moja na hawakuona tena shilingi. Uza haki kwa miaka, kwa nchi na kwa njia ya kuonyesha, na kila kisichotajwa kibaki chako. Andika majina yote na vyeo vyao kabla ya kupiga. Lupino aliacha jina la uongozaji wa Not Wanted kwa Clifton kwa uungwana, na alikuwa na kampuni yake ya kumrudisha kwenye kiti mara moja. Wewe ambaye jina hilo ndilo barua yako ya kuombea kazi ijayo, usiliachie.

Neno moja kuhusu lugha. Genevieve Nnaji wa Nigeria, nyota mkubwa wa Nollywood, aliongoza Lionheart mwaka 2018, akashiriki kuiandika na kuiigiza, na Netflix ikainunua. Mwaka 2019 iliondolewa kwenye shindano la Oscar la filamu za kimataifa kwa sababu mazungumzo yake mengi yalikuwa ya Kiingereza. Kwa anayeandika kwa Kiswahili, sharti hilo amelitimiza tangu ukurasa wa kwanza. Usikubali mtu akushauri kugeuza wahusika wako wazungumze Kiingereza ili wauzike nje.

Mwisho ni riziki. Lupino hakuacha kuigiza. Uigizaji ulimlisha, na kampuni yake ilipokufa aliingia televisheni kwa nguvu zote, akaongoza vipindi vingi vya tamthilia: vya Alfred Hitchcock, vya wachunga ng'ombe, vya vichekesho. Mwaka 1964 aliongoza kipindi cha The Twilight Zone kiitwacho The Masks, na ndiye mwanamke pekee aliyeongoza kipindi cha mfululizo ule wa awali, ambao mwaka 1959 alikuwa ameuigizia. Filamu yake ya mwisho ya majumba ya sinema, The Trouble with Angels, ilitoka mwaka 1966.

Tamthilia zetu za kila wiki zinahitaji waongozaji wengi, maana mmoja hawezi kupiga vipindi vyote bila kuchoka. Kama uko kwenye tamthilia na mhusika wako anapendwa, wakati wa kuongeza mkataba ndio wakati wa kuomba. Mwambie mtayarishaji utakubali nyongeza ndogo ya malipo kuliko unayostahili, kwa sharti kwamba uongoze kipindi kimoja cha msimu ujao, kiandikwe kwenye mkataba kwa namba yake, na uruhusiwe kukaa na mwongozaji mkuu vipindi viwili kabla yake. Chagua kipindi ambacho mhusika wako hayupo au yupo sini moja tu. Peleka ombi hilo wiki mbili kabla ya tarehe ya kusaini, pamoja na filamu fupi uliyoiandika na kuiongoza mwenyewe, ya dakika zisizozidi kumi, watu wawili, nyumba moja.